Émile Cohl, mzee aliyeifanya michoro itembee

Hapa kwetu Kamango watoto wakisikia kuna katuni kwa jirani mwenye televisheni, wanaacha hata chakula. Leo tunamkumbuka mmoja wa watu walioanzisha kazi hiyo.

Émile Cohl, ambaye jina lake la kuzaliwa ni Émile Courtet, alizaliwa Paris, Ufaransa, tarehe 4 Januari 1857. Katika ujana wake alifundishwa na mchoraji André Gill, akachora picha za kuchekesha magazetini. Alikuwa na miaka 51, umri ambao wengi wetu tunasema wakati wetu umepita, filamu yake Fantasmagorie ilipoonyeshwa Paris tarehe 17 Agosti 1908.

Filamu hiyo haikuwa na sauti, wala haikufika dakika 2. Lakini kwa muda huo mfupi alichora michoro karibu 700. Aliweka karatasi mpya juu ya ile ya kwanza, kwenye kioo chenye mwanga chini yake, akabadilisha mistari kidogo tu. Kisha michoro ikapigwa picha, mmoja baada ya mwingine. Mistari yake inaonekana myeupe juu ya weusi, kama chaki ubaoni. Humo chupa inageuka ua, na tembo anageuka nyumba. Mtu mdogo aliyechorwa anaanguka na kuvunjika. Ndipo mikono ya mchoraji inaingia, inamuunga kwa gundi, naye anaondoka juu ya farasi.

Mwaka 1912 Cohl alikwenda Marekani kutengeneza katuni huko Fort Lee, New Jersey. Alirudi Ufaransa mwaka 1914, na mwaka huohuo moto ukateketeza filamu zake nyingi za kule. Wengine walipata mali kwa kazi ya namna hii, naye akasahauliwa. Mwaka 1937 mshumaa wa mezani uliwasha ndevu zake, akapelekwa hospitalini. Alikufa katika umaskini tarehe 20 Januari 1938, akiwa na miaka 81.

Tunawafikiria walimu wetu wa Shule ya Jumapili, na akina mama wanaowapikia wakimbizi wa vita bila kutajwa popote. Tusome pamoja Waebrania 6:10. Watu husahau, Mungu hasahau. Na sisi tuliovunjika katika miaka hii ya vita, tusikate tamaa: mikono iliyotuumba haijatuacha.