Yaakov Meridor: Mfungwa wa Gilgil aliyerejea kwao kupitia Kongo

NI wachache miongoni mwa wasafiri wa barabara ya Nairobi kuelekea Nakuru wanaofahamu kwamba Gilgil iliwahi kuwa kizuizi cha Wayahudi waliofukuzwa Palestina. Mashuhuri miongoni mwao alikuwa Yaakov Meridor.

Alizaliwa Lipno, Poland, mwaka wa 1913. Mnamo 1932 aliingia Palestina, iliyokuwa ikitawaliwa na Uingereza, bila kibali, na punde si punde akajiunga na Irgun, kundi la siri la wapiganaji wa Kiyahudi. Kiongozi wao, David Raziel, alipouawa Iraq mnamo Mei 1941, Meridor alishika usukani hadi Desemba 1943, alipomwachia Menachem Begin.

Ugomvi wao na Uingereza ulihusu zaidi bandari. Sera ya mwaka wa 1939 iliruhusu Wayahudi 75,000 pekee kuingia katika muda wa miaka mitano, ilhali Wanazi waliangamiza milioni sita barani Ulaya. Waarabu wa Palestina nao walihofia kumezwa katika nchi yao wenyewe, na Irgun ilikuwa imewaua raia wao kwa mabomu. Uingereza ililitaja kundi hilo kuwa la magaidi.

Meridor alikamatwa Februari 1945, akahamishiwa Afrika bila kufikishwa mahakamani. Wafungwa 439 walipitia kambi za Eritrea, Sudan na hatimaye Gilgil, iliyofunguliwa kwa ajili yao mnamo 1947. Nchini Eritrea, walinzi waliwapiga risasi na kuwaua wawili mnamo Januari 1946. Meridor alitoroka, akanaswa, asikate tamaa.

Akiwa angali kizuizini, Julai 1947, wanamaji wa Uingereza waliikamata meli ya Exodus iliyobeba manusura zaidi ya 4,500. Wakimbizi hao walirudishwa hadi Ujerumani, nchi iliyowaulia jamaa zao. Wengine zaidi ya 50,000 walizuiliwa kisiwani Cyprus.

Machi 29, 1948, Meridor na wenzake watano walitoroka Gilgil. Walivuka Uganda, wakaingia Kongo iliyokuwa koloni la Ubelgiji, kisha wakasafiri kwa ndege hadi Ulaya. Aliwasili nyumbani Mei 15, siku moja baada ya taifa la Israel kutangazwa. Aliowaacha kambini walirejeshwa Julai.

Furaha yao ilikuwa msiba kwa wengine. Wapalestina zaidi ya 700,000 walikimbia au kufukuzwa makwao katika vita hivyo, na wengi hawakuruhusiwa kurejea. Juni mwaka huo, jeshi la Israel liliishambulia kwa mizinga meli ya Altalena, iliyoletwa na Irgun ikiwa na silaha na wahamiaji. Wayahudi wakauana ufuoni.

Meridor baadaye alikuwa mbunge, mmiliki wa kampuni ya meli iliyoporomoka miaka ya 1970, na waziri wa uchumi kuanzia 1982 hadi 1984. Alifariki mwaka wa 1995.

Nchini Kenya, kambi za wakoloni hazikukaa tupu. Miaka minne tu baada ya Meridor kutoroka, hali ya hatari ilitangazwa, na maelfu ya Wakenya wakatupwa kizuizini bila mashtaka kwa kudai ardhi waliyozaliwa juu yake.