Booker Washington na jina la baba

Watu weusi wengi wa Marekani wanaitwa Washington. Leo tunaeleza namna gani mmoja wao, Booker, alipata ile jina.

Alizaliwa mtumwa katika Virginia mwaka 1856, bila jina la ukoo. Uhuru ulipofika mwaka 1865, mama yake akapeleka watoto Malden kwa mume wake, mfanyakazi wa chumvi. Yule baba wa kambo alitaka pesa: Booker akajaza mapipa ya chumvi, masomo akakatazwa. Mwishowe baba akakubali, lakini kazi kwanza, tangu alfajiri mpaka saa tatu.

Kule masomoni mwalimu akaita majina. Wenzake wana mawili, yeye moja tu. Akajibu kwamba yeye ni Booker Washington. Washington njo lilikuwa jina la yule baba aliyemkatalia masomo.

Kisha akaingia mu shimo la makaa ya mawe. Mule akasikia wachimbaji wawili wanazungumza juu ya masomo ya Hampton, mahali maskini anaweza kulipa kwa kazi ya mikono. Mwaka 1872 akaenda. Mwaka 1881 akawa mkubwa wa masomo ya Tuskegee, leo chuo kikuu. Wanafunzi walichoma matofali wenyewe. Tanuri tatu zikaharibika. Akaweka saa yake rehani juu ya kupata tanuri ya nne. Alipokufa mwaka 1915, kulikuwa majengo zaidi ya 100.

Baba na mama wa kambi, watoto watabeba majina yetu mbali. Tusiwafungie njia ya masomo.