Nahodha Ahmad bin Naaman na Safari ya New York

Wanachama wenzangu, wengi wetu tukisikia neno balozi tunafikiria gari jeusi lenye bendera. Ahmad bin Naaman Al-Kaabi hakuwa na gari. Alikuwa na merikebu, Sultana, iliyoundwa Bombay, mali ya Seyyid Said bin Sultan, mtawala wa Oman na Unguja.

Seyyid alikuwa amefanya mkataba wa biashara na Marekani mwaka 1833, na mwaka 1837 konsuli wa Kimarekani akaja kukaa Unguja. Lakini kwa nini wao waje tu, sisi tusiende? Basi mapema 1840 Ahmad aling'oa nanga Unguja na shehena ya pembe za ndovu, karafuu, sandarusi, kahawa, tende na ngozi. (Tusifiche: pembe zile zilifika pwani mabegani mwa watu, baadhi yao watumwa.) Mwingereza aliyeajiriwa kuongoza njia baharini alikuwa mlevi. Hebu fikiria Atlantiki na mtu kama huyo!

Tarehe 30 Aprili wakatia nanga New York. Lo! Watu wakamiminika bandarini kutazama vilemba, na wahuni wakawasumbua mabaharia. Ahmad mwenyewe wakuu wa mji walimkirimu, naye akawa mjumbe wa kwanza wa Kiarabu kufika nchi hiyo.

Kazi ilikuwa kwenye zawadi. Seyyid alimpelekea Rais Martin Van Buren farasi wawili wa Kiarabu, lulu, zulia, marashi na upanga. Katiba yao haimruhusu Rais kupokea vitu vya mfalme hivi hivi tu. Na kwetu, wasomaji, zawadi ikirudishwa ni tusi! Urafiki wa miaka saba ungeharibika kwa farasi wawili. Mwishowe Bunge liliamua zipokewe kwa niaba ya taifa, na farasi wakauzwa, pesa zikaingia hazina. Hapo heshima ya pande zote mbili ikasalimika.

Wamarekani nao hawakuwa wachoyo. Sultana ilikuwa imechakaa kwa safari, wakaitengeneza bure katika karakana ya jeshi lao la maji, Brooklyn. Mchoraji Edward Mooney akamchora Ahmad na kilemba chake, na picha hiyo ipo mpaka leo.

Agosti akageuza tanga kurudi nyumbani. Miongoni mwa alivyonunua mlikuwa na marobota ya kitambaa cha pamba, kile ambacho mabibi zetu walikiita merikani. Alifariki mwaka 1869.