Tilahun Gizaw: Kijana wa nyumba ya kifalme aliyeuawa akidai ardhi ya wanyonge

MUISLAMU wa Afrika Mashariki akitajiwa Habasha, haraka anakumbuka mambo mawili: Bilal bin Rabah (RA), na ile hijra ya kwanza ambapo Masahaba waliokuwa wakiteswa Makka walipata hifadhi kwa Mfalme Najashi. Tumesomeshwa hivyo madrasa, tumesikia hivyo katika Maulidi, na wengi wetu tunaishia hapo. Baada ya Najashi ni kama vile nchi ile ilifungwa mlango, tukaja kuufungua miaka ya 1980 tulipoonyeshwa picha za njaa.

Nataka leo kumzungumzia kijana mmoja wa huko Habasha aliyepigwa risasi usiku wa Desemba 28, 1969. Hakuwa Muislamu. Alikuwa rais wa umoja wa wanafunzi wa chuo kikuu mjini Addis Ababa, jina lake Tilahun Gizaw.

Huenda msomaji akauliza, mtu wa Hanang ana lipi la kumwambia kuhusu mwanafunzi wa Ethiopia? Kwanza, sisi wa Hanang na Mbulu hatuko mbali na Habasha kama ramani inavyoonyesha. Kiiraqw kinachozungumzwa Mbulu kimo katika jamii ya lugha za Kikushi, ndugu wa mbali wa Kisomali na Kioromo, na Bonde la Ufa lililoko chini ya milima yetu ndilo hilo hilo linaloipasua Ethiopia katikati. Lakini kilichonivuta kwake ni ardhi. Aliyekulia karibu na Basotu hahitaji kufafanuliwa maana ya mtu kuamka asubuhi akakuta malisho ya baba yake yamekuwa shamba la mwingine. Nitalirudia hilo, Inshaallah.

Tilahun alitoka Maychew, kusini mwa Tigray. Baba yake alikuwa na cheo cha Dejazmach, cheo kikubwa miongoni mwa watawala wa zamani wa nchi ile, na dada yake kwa baba, Sara Gizaw, aliolewa na Mwanamfalme Makonnen, mtoto wa Mfalme Haile Selassie. Yaani huyu hakuwa mtoto wa mkulima aliyepandishwa na shule. Alikuwa shemeji wa nyumba ya mfalme. Angekaa kimya tu, akamaliza masomo yake, asingekosa ugavana wa jimbo au ubalozi.

Chuo alichosoma nacho kina kisa chake. Desemba 1960, Haile Selassie akiwa safarini nje ya nchi, mkuu wa kikosi cha ulinzi wake, Jenerali Mengistu Neway, pamoja na mdogo wake Germame, walijaribu kumpindua. Wanafunzi waliandamana kuwaunga mkono. Jaribio lilishindwa, na kabla ya kushindwa waasi waliwamiminia risasi mawaziri na wakubwa waliokuwa wamewashikilia mateka ndani ya kasri la Genete Leul. Mfalme hakutaka tena kuishi katika nyumba ile. Mwaka uliofuata aliitoa iwe chuo kikuu, kikaitwa kwa jina lake. Kwa hiyo vijana wa Ethiopia wakawa wanasomea katika nyumba iliyomwagika damu kwa sababu ya siasa, na mwenye nyumba akategemea shukrani.

Hakuipata. Februari 1965 wanafunzi waliandamana hadi bungeni wakidai ardhi apewe yule anayeilima. Kwa msomaji wa mjini hilo linaweza kuonekana dai dogo. Katika Ethiopia ya wakati ule, hasa majimbo ya kusini, ardhi kubwa ilikuwa mikononi mwa makabaila, watu wa kasri na Kanisa. Mkulima alikuwa mpangaji katika shamba alilozaliwa. Alitoa nusu ya mavuno yake, pengine zaidi, juu yake akatumikishwa bure, na akifukuzwa hakuwa na pa kushitaki kwa kuwa mwenye shamba ndiye mwenye serikali. Wengi katika wapangaji hao wa kusini walikuwa Waislamu. Hivyo ndugu zetu walidhulumiwa mara mbili: katika ardhi, na katika dini. Dola lilikuwa na Kanisa lake rasmi, Idi haikuwa sikukuu ya taifa, na hata kwa jina waliitwa Waislamu wanaoishi Ethiopia, kama vile ni wageni waliokaribishwa kwa muda. Hawa ni watu ambao Uislamu uliwafikia kabla haujafika Madina.

Tilahun aliingia katika harakati hizo na akawa mmoja wa wasemaji wake wakubwa. Aliwahi kugombea urais wa wanafunzi akashindwa. Mwishoni mwa 1969 akagombea tena, akashinda. Majira yale yale, Novemba 17, 1969, mwanafunzi mwenzake Walelign Mekonnen alichapisha katika gazeti la wanafunzi makala iliyovunja mwiko mkubwa kuliko ule wa ardhi. Alisema Ethiopia si taifa moja bali ni mataifa mengi yaliyokusanywa, na kwamba ili mtu ahesabiwe kuwa Muethiopia inabidi avae vazi la Waamhara, aseme lugha yao na afuate dini yao. Walelign mwenyewe alikuwa Mwamhara. Nalitaja hilo makusudi, kwa sababu huku kwetu tumezoea kudhani kila mtu hutetea kabila lake na dini yake tu. Wale vijana wawili, mmoja mtoto wa wakubwa na mwingine mtoto wa kabila lililotawala, walisimama kutetea haki ambazo wao binafsi hawakuzikosa.

Hapo serikali ikaona maji yamezidi unga. Usiku ule wa Desemba, Tilahun akitembea karibu na chuo, naye hakuwa peke yake, watu wenye silaha walimpiga risasi. Alikufa. Hakuwa amemaliza hata miezi miwili ya urais wake.

Asubuhi ya Desemba 29 wanafunzi waliuchukua mwili kutoka hospitali wakauleta chuoni, Sidist Kilo. Walitaka kumwaga ndugu yao kwa heshima wanayoijua wao. Wakakusanyika kwa maelfu, na wanafunzi wa sekondari wakaja. Serikali iliutaka mwili, wao wakakataa kuutoa. Kikosi cha ulinzi wa mfalme kikaingia ndani ya uwanja wa chuo kikafyatua risasi. Serikali ilikiri vifo vichache, wanafunzi wakahesabu zaidi ya ishirini. Mwili ukachukuliwa kwa nguvu. Hao waliokufa wakiulinda mwili wa mwenzao leo wanatajwa kwa idadi tu, na hata idadi yenyewe inabishaniwa.

Serikali ya mfalme haikumtia mtu hatiani kwa kumuua Tilahun. Wananchi waliinyooshea kidole idara ya usalama, na mfalme hakufanya lolote la kuwatoa shaka.

Tangu siku hiyo Tilahun akawa zaidi ya mtu. Waethiopia waliokuwa wakisoma Ulaya na Marekani waliandamana kwa jina lake. Kundi la wanafunzi waliokimbilia Algiers lilipotoa kijitabu kuhusu suala la mataifa, mwandishi alijificha nyuma ya jina la Tilahun Takele. Walelign naye aliuawa Desemba 1972 akiwa na wenzake katika jaribio la kuteka ndege. Mama zao wakalia, na vijana wengine wakazidi kujiunga.

Miaka minne na miezi michache baada ya risasi zile, mapinduzi yakaanza. Na hapa ndipo naomba msomaji wangu Muislamu atulie. Aprili 20, 1974 Waislamu wa Addis Ababa walitoka barabarani, inakadiriwa watu laki moja, wakidai usawa, wakidai haki ya kumiliki ardhi, wakidai waitwe Waislamu wa Ethiopia. Haikuwahi kutokea kabla yake. Na katika maandamano yale walikuwemo wanafunzi na Wakristo waliokuja kuwaunga mkono. Sisemi kwamba Tilahun alikufa kwa ajili ya Uislamu, hilo lingekuwa kumzulia maiti. Nasema vijana waliomzika moyoni ndio waliolifanya suala la usawa wa dini liweze kusemwa hadharani. Haile Selassie aliondolewa Septemba 12 mwaka huo, na kabla 1974 haijaisha sikukuu za Kiislamu zilitangazwa kuwa sikukuu za taifa. Machi 4, 1975 ikatoka sheria ya kutaifisha ardhi yote ya vijijini. Wapangaji wakawa hawana kabaila tena.

Lau kisa kingeishia hapo kingekuwa kitamu. Hakikuishia. Wanajeshi waliochukua madaraka, Derg, walilisifu jina la Tilahun huku wakiwaua waliosoma naye. Katika miaka ya 1977 na 1978, wakati wa kile kilichoitwa Ugaidi Mwekundu, vyama viwili vilivyozaliwa na harakati ile ile ya wanafunzi vilikuwa pande mbili. EPRP iliwindwa na serikali, na MEISON ilikuwa imeshirikiana nayo kabla nayo haijageukiwa. Maelfu kwa maelfu ya vijana waliuawa, na maiti nyingine zikaachwa barabarani. Kila upande ulidai kuwa ndio mrithi wa Tilahun. Kijana mwingine aliyeitwa Legesse Zenawi aliingia msituni, akachukua jina la Meles kumkumbuka mwanafunzi aliyeuawa na Derg mwaka 1975. Mwaka 1991 Meles huyo akatawala nchi, akaweka katika katiba ya 1995 haki za mataifa ambazo Walelign aliziandikia. Na mwaka 2005, chini ya utawala wake, vijana wakapigwa risasi katika mitaa ile ile ya Addis Ababa baada ya uchaguzi.

Hili ndilo linalonisumbua katika namna tunavyowakumbuka waliouawa. Jina hubebwa kwa urahisi, lakini swali alilouliza marehemu huachwa njiani. Tilahun na wenzake walidai ardhi iwe ya anayeilima. Iliondolewa kwa kabaila ikapewa dola, na dola likawa kabaila mpya.

Sisi wa Hanang tunaujua wimbo huo. Kuanzia mwanzoni mwa miaka ya 1970, NAFCO, shirika la umma, kwa msaada wa Canada, lilifungua mashamba ya ngano katika nyanda za Basotu hadi kufikia ekari karibu laki moja. Ilikuwa ardhi bora ya malisho ya Wabarabaig, hao tunaozoea kuwaita Wamang'ati. Haikuchukuliwa kwa jina la mfalme. Ilichukuliwa kwa jina la taifa na chakula cha taifa. Wanakijiji wa Mulbadaw walikwenda mahakamani, mwaka 1984 wakashinda Mahakama Kuu, na mwaka 1985 Mahakama ya Rufani ikaibatilisha hukumu hiyo, pamoja na mengine, kwa hoja kwamba walalamikaji hawakuthibitisha kuwa ni wenyeji kwa mujibu wa sheria. Mbarabaig wa Hanang athibitishe kuwa ni mwenyeji! Nikisoma hukumu ile nawakumbuka Waislamu wanaoishi Ethiopia.

Wabarabaig wana desturi yao ya kuwaenzi wakubwa wao. Mzee mwenye heshima akifa, kaburi lake hujengewa kichuguu cha udongo, bung'eda, kwa shughuli inayochukua miezi mingi, na ukoo hurejea pale kizazi hadi kizazi. Sisi Waislamu tuna taratibu zetu za makaburi na hatuwezi kuiga hayo. Lakini trekta za ngano zilipita juu ya baadhi ya makaburi hayo zikayasawazisha, na dhulma ni dhulma hata ikimpata asiyeswali.

Mara nyingine naulizwa kama inafaa kumwita Tilahun shahidi, kama Waethiopia wanavyomwita. Kwetu neno hilo lina masharti yake, na hukumu ya nafsi ni ya Allah (SW) peke yake. Kumtaja kwa haki hakuhitaji cheo hicho.

Mkoa wake wa Tigray umeungua tena katika vita vya 2020 hadi 2022. Maychew ilipitiwa na majeshi, na msikiti wa al-Najashi kule Negash, mahali panapohusishwa na makaburi ya Masahaba wa hijra ya kwanza, ulipigwa makombora. Waliopigana pande zote walikuwa na viongozi waliokua wakisikia jina la Tilahun.

Kasri la Genete Leul bado ni chuo. Sehemu yake ni jumba la makumbusho, na wageni huonyeshwa chumba alicholala mfalme na bafu lake. Nje ya lango, Sidist Kilo, umesimama mnara wa raia waliouawa na Wataliano Februari 1937. Kati ya lango na jumba hilo wanafunzi hupita kila asubuhi kwenda darasani.