Ardeshir Irani, aliyeipa sinema ya Kihindi ulimi

Wapenzi wa filamu za Kihindi nchini huweza kutaja majina ya waigizaji na waimbaji bila kusita. Ni wachache mno wamjuao mtu aliyezifanya filamu hizo zinene.

Ardeshir Irani alizaliwa mjini Poona tarehe 5 Desemba 1886, katika jamii ya Wazoroasta wenye asili ya Uajemi. Alianza kwa kuonyesha kazi za wengine, akiendesha ukumbi wa Alexander mjini Bombay pamoja na Abdulally Esoofally. Mwaka wa 1922 alishirikiana na Bhogilal Dave kuanzisha kampuni ya Star, na miaka michache baadaye akaasisi Imperial.

Enzi hiyo filamu zilikuwa bubu. Maneno yaliandikwa kwenye pazia, na yaliweza kuandikwa kwa lugha kadhaa kwa pamoja. Sauti ilipovumbuliwa, likazuka swali zito: katika nchi yenye mamia ya lugha, filamu izungumze ipi? Irani alichagua Kihindustani, lugha ya sokoni na jukwaani, iliyoeleweka kwa wasemaji wa Kihindi na wa Kiurdu vilevile. Alam Ara, iliyotokana na tamthilia ya Joseph David, ilionyeshwa katika ukumbi wa Majestic, Bombay, tarehe 14 Machi 1931, ikiwa na nyimbo 7. Kwa kuwa treni zilipita karibu na studio, sehemu kubwa ilipigwa usiku, na sauti ikanaswa papo hapo waigizaji walipokuwa wakisema.

Uamuzi huo ulikuwa na gharama. Sulochana, nyota mkuu wa Imperial katika filamu bubu, alilazimika kujifunza Kihindustani ili aendelee na kazi yake.

Hata hivyo, Irani hakuzipuuza lugha nyingine. Mwaka huohuo wa 1931 kampuni yake ilitoa Kalidas, iliyosikika kwa Kitamil na Kitelugu. Mwaka wa 1933, akishirikiana na Abdolhossein Sepanta, alitoa Dokhtar-e Lor, filamu ya kwanza kuzungumza Kiajemi. Watu wa Tehran walisikia lugha yao ikitoka Bombay!

Mwaka wa 1937 alitoa Kisan Kanya, filamu ya rangi iliyotengenezwa India kwenyewe, lakini haikupata mafanikio makubwa. Imperial ilifungwa mwaka uliofuata. Irani alifariki tarehe 14 Oktoba 1969, na leo hapana nakala hata moja ya Alam Ara inayojulikana kusalia. Kilichosalia ni ile njia aliyoifungua: filamu za Bombay ziliendelea kutumia lugha ya watu wengi, zikaipeleka mbali.

Sisi tufundishao Kiswahili, na ninyi mnaojifunza, tunakisifu kila siku madarasani. Irani aliiwekea lugha ya sokoni mtaji wake, akakesha usiku akingoja treni zipite. Je, miongoni mwetu ni nani aliye tayari kukikeshea Kiswahili namna hiyo?