Abu Rayhan al-Biruni na Ilimu ya Majira

Miongoni mwa maulamaa ambao twapaswa kuwajua, na ambao wengi wetu hatujui ila majina yao, ni Abu Rayhan Muhammad bin Ahmad al-Biruni, Mwenyezi Mungu amrehemu. Tumependa kueleza maisha yake hapa kwa kuwa watu huuliza mara nyingi: kwa nini sisi tuna kaskazi na kusi, na wengine wana theluji? Na kwa nini mchana wa nchi za mbali hurefuka hata ukapita saa kumi na tano, na wetu haubadiliki ila kidogo? Masuala haya yana jawabu, na bwana huyu aliutumia umri wake katika kulipima jawabu hilo kwa vyombo na hesabu.

Alizaliwa mwezi wa Dhulhija mwaka 362 wa Hijra, yaani 973, katika mji wa Kath, nchi ya Khwarazm, ambayo leo imo katika Uzbekistan na Turkmenistan. Ni nchi ya baridi kali na joto kali. Siku ya jua kali huko mchana huwa kama saa 15, na wakati wa baridi hupungua ukawa saa 9, na mto mkubwa wa Jayhun huweza kuganda barafu. Mtoto aliyekulia mahali kama hapo hakosi kuona kuwa jua lina mambo yake. Alipata mwalimu mwema, Abu Nasr Mansur bin Iraq, mtu wa nyumba ya kifalme na bingwa wa hesabu, akamfundisha falaki.

Alipokuwa kijana wa miaka ishirini na kitu alitengeneza duara kubwa ya kupimia, upana wake dhiraa 15, ili aone jua hufika juu kadiri gani siku ya mwisho wa kupanda kwake na siku ya mwisho wa kushuka kwake. Tofauti ya vipimo hivyo viwili, ukiigawa nusu, ndiyo mwinamo ambao ni asili ya majira yote. Alipata kupima siku ya kupanda tu. Mwaka 995 vita vilizuka Khwarazm, mfalme wa Kath akaondolewa, na Biruni akakimbia nchi yake akiwa fukara. Kipimo cha pili hakukipata.

Alifika Rayy, akamkuta Abu Mahmud al-Khujandi, ambaye mwaka 994 alikuwa amejenga ukuta mkubwa wenye upinde wa kupimia mwinamo huo huo. Hesabu yake ilitoka pungufu kidogo. Biruni aliuchunguza sababu yake, akajua kwa Khujandi mwenyewe kuwa tundu la kupitishia nuru ya jua lilikuwa limetitia kadiri ya shubiri moja baina ya kipimo cha kwanza na cha pili. Basi tutazame adabu ya watu wa ilimu: mmoja hakuficha kasoro, na wa pili hakumdharau mwenziwe, bali aliandika sababu ili wajao baadaye wanufaike.

Kisha akakaa Gurgan kwa mfalme Qabus, na huko, karibu na mwaka 1000, akatunga kitabu chake al-Athar al-Baqiya, juu ya namna mataifa mbalimbali yanavyohesabu miaka. Humo alieleza Nairuzi ya Waajemi, na vipi mwaka wa siku 365 bila ya robo huteleza ukaachana na majira, siku moja kila miaka minne. Jambo hili latuhusu sisi watu wa pwani, kwani wazee wetu wakulima na mabaharia walihesabu miongo yao kutoka Nairuzi hiyo hiyo.

Alirejea kwao, lakini mwaka 1017 Sultani Mahmud wa Ghazna aliiteka Khwarazm, akamchukua Biruni pamoja na maulamaa wengine. Mwezi wa Oktoba 1018 alikuwa katika kijiji karibu na Kabul, hana chombo hata kimoja. Hakukaa akalia. Alichukua ubao wa hesabu, akachora nyuma yake upinde wenye daraja, akafunga timazi, akapima jua. Baadaye huko Ghazna aliweza kupima kwa duara lililo zuri, akapata kuwa mwinamo ni daraja 23 na dakika 35. Wataalamu wa leo, wakirudisha hesabu nyuma hadi zama zake, hukuta alikosea kiasi cha dakika moja tu ya daraja.

Yafaa tueleze mwinamo huu ni nini. Wengi hudhani kuwa joto huja kwa jua kukaribia na baridi kwa jua kuwa mbali. Sivyo. Ardhi huwa karibu zaidi na jua mwanzo wa Januari, kiasi cha kilomita milioni 147, na Januari ndiyo baridi ya Khwarazm. Huwa mbali zaidi mwanzo wa Julai, kilomita milioni 152, na Julai ndilo joto lao. Sababu ni kuwa ardhi huzunguka jua hali imeinama, wala hainyooki. Miezi sita upande wa kaskazini huelekea jua, nuru yake ikaanguka wima na mchana ukarefuka. Miezi sita upande wa kusini. Zama za Biruni mahesabu yalifanywa kwa kulichukua jua kuwa ndilo liendalo, lakini pembe iliyopimwa ni ile ile.

Basi kila mji hupata fungu lake kwa kadiri ya umbali wake na mstari wa katikati ya ardhi. Kath, jua la adhuhuri hupanda daraja 72 wakati wa joto, na halizidi 25 wakati wa baridi. Mombasa, ambayo ni daraja 4 tu kusini ya mstari huo, halishuki chini ya 62 mwaka mzima, na hupita utosini mara mbili, Machi na Oktoba. Kwa hivyo majira yetu hatuyajui kwa theluji bali kwa pepo na mvua. Bara la Asia likipata joto hewa yake hupanda, ikavuta upepo wa baharini, nasi tukaona kusi; likipoa, upepo hurudi, nasi tukaona kaskazi.

Biruni aliyaona hayo Bara Hindi. Katika kitabu chake juu ya nchi hiyo, alichokikamilisha karibu na mwaka 1030, ameeleza mvua za wakati wa joto ziendeleazo miezi minne, na vipi milima huyazuia mawingu, na kuwa mji wa Multan hauipati mvua hiyo wakati majimbo yaliyo karibu na milima huipata. Ametaja pia kuwa Somnath ilikuwa bandari ya wasafiri waendao baina ya Sufala ya nchi ya Zanji na China. Na Somnath na Sufala zalingana kwa umbali, moja kaskazini na moja kusini. Kwa hivyo mwezi ambao jua huunguza moja ndio mwezi wa baridi ya nyingine. Mababu zetu walipita baina ya majira mawili kwa jahazi moja.

Mwaka 1029 alitunga kitabu cha mafunzo ya falaki kwa maswali na majibu, akamtungia mwanamke, Rayhana binti al-Hasan wa Khwarazm. Wenye kuona ilimu hii haiwafai binti zetu na wafikiri.

Na katika kitabu chake cha vivuli amehadithia habari ya mtu aliyekataa chombo cha kujulia nyakati za sala kwa kuwa kimeandikwa miezi ya Kirumi. Biruni alimjibu kuwa Warumi nao hula chakula, basi na aache kula. Hoja yake ni wazi. Kivuli cha adhuhuri na cha alasiri hufuata jua, na mwaka wetu wa mwezi una siku 354, hupungukiwa na ule wa jua kwa siku 11 hivi. Saumu na Hija ni kwa mwezi, ndiyo Ramadhani huzunguka majira yote kwa miaka 33 hivi, na watu wa kila nchi wakapata saumu ndefu na fupi. Lakini saa za sala ni kwa jua, na ajuaye jua hana budi kujua mwaka wake.

Yasimuliwa kuwa Sultani Mas'ud alimpelekea fedha mzigo wa ndovu kwa kitabu chake kikubwa cha falaki, naye akaurudisha. Yasimuliwa pia kuwa alipokuwa katika maradhi ya mauti alimuuliza mwanachuoni aliyekuja kumzuru mas'ala ya mirathi, akiona ni bora afe akiyajua kuliko kufa hayajui. Na mgeni wake hakufika mbali ila akasikia kilio. Alifariki Ghazna mnamo mwaka 440 wa Hijra, 1048, au baada yake kidogo.

Huyu alifukuzwa kwao, akatekwa, akakosa vyombo, wala hakuacha kupima. Sisi tumekaa kwa amani, jua latupitia utosini mara mbili kwa mwaka, na wangapi kati yetu wameinua macho wakauliza sababu? Twamuomba Mwenyezi Mungu amlipe kheri, na awainue miongoni mwa watoto wetu wenye kuifuata njia yake.