IGOR SIKORSKY, BABA WA HELIKOPTA

Hapa Iftin helikopta ikivuma tunaulizana: ya askari au ya chakula? Nawaletea habari za Igor Sikorsky, mzaliwa wa Kiev, 1889. Helikopta yake ya 1909 iligoma kupaa. Ya 1910 ilijiinua yenyewe, ikashindwa kumbeba mtu. Mapinduzi ya Urusi yakamng'oa kwao, akaingia Marekani mwaka 1919 mikono mitupu, akawa mwalimu wa wahamiaji wenzake. Mwaka 1939 VS-300 yake ikapaa. Jeshi likaitaka upesi. Lakini mwaka 1944, kule Burma, helikopta yake iliwatoa msituni rubani na majeruhi 3. Mwenyewe alijivunia zaidi kuokoa watu. Alifariki mwaka 1972. Mafuriko ya 1997 yalipokata barabara za Garissa, misaada ilipita angani. Mimi namshukuru mzee huyu.